Wanaovimba na Wanaobeba

Mhadhara kuhusu misimu ya wapiga chuma, uliotolewa Mnazi Mmoja, Dar es Salaam



Nimeombwa nizungumzie maneno ya wapiga chuma: yalivyotoka kwenye jimu yakaingia kwenye simu, kisha yakaingia midomoni mwa watu ambao hawajawahi kushika hata kilo tano. Ningeweza kuanzia Marekani, ambako mengi ya maneno hayo yalizaliwa. Lakini mtu akitoka kwenye ukumbi huu, akavuka viwanja vya Mnazi Mmoja kuelekea machweo ya jua, anaingia katika mtaa ambao jina lake lenyewe limetokana na kubeba uzito. Itakuwa ajabu kuuruka mtaa huo ili twende kutafuta habari za nguvu kwa watu wa mbali.

Waingereza waliuteka mji huu Septemba 1916. Jengo la soko ambalo Wajerumani walikuwa wamelijenga kabla ya vita wakaligeuza kambi ya wapagazi wa jeshi, kikosi walichokiita Carrier Corps. Watu wa mji wakalitamka jina hilo kwa namna ya kwao, likawa Kariakoo. Nairobi nako walilitamka kwa namna yao, ndiyo maana wana Kariokor. Wapagazi hao walibeba risasi, unga na majeruhi kwenye mvua na tope, na makumi ya maelfu yao walikufa Afrika Mashariki, wengi kwa maradhi na njaa kuliko kwa risasi. Mwaka 1927 ikasimamishwa Sanamu ya Askari pale mjini. Maandishi yake yanawataja wapagazi kuwa ndio waliokuwa miguu na mikono ya jeshi. Aliyesimama juu, hata hivyo, ni askari peke yake, na bunduki yake yenye singe. Mpagazi wa Dar es Salaam hakupata sanamu. Alipata mtaa, na mtaa ule bado unafanya kazi yake.

Kabla ya jeshi kulikuwa na misafara. Mpagazi wa Kinyamwezi aliyeshuka pwani katika karne ya 19 alibeba mzigo wa frasila mbili hivi, yaani kama kilo 32, kutoka Tabora hadi Bagamoyo. Mzigo ule ulipimwa, ukajulikana, ukalipiwa. Hata shujaa wa pwani, Fumo Liyongo, nguvu zake tunazijua kwa mzigo. Katika utenzi alioutunga Muhammad Kijumwa wa Lamu mwaka 1913, hatuambiwi mkono wa Liyongo una unene gani. Tunaambiwa alifika na mkoba, akaufungua, vikatoka vinu, michi, vyungu na mafiga, vitu vya jiko zima, na Wagala waliokuwapo wakastaajabu hadi wakatamani mbegu yake ibaki katika ukoo wao. Hiyo ndiyo namna ya zamani ya kumpima mwenye nguvu: fungua mkoba tuone umebeba nini.

Sasa sikilizeni maneno ya leo. Kijana wa Magomeni au Temeke hasemi anakwenda kufanya mazoezi. Anakwenda kupiga tizi. Hanyanyui vitu vizito, anapiga chuma. Kila siku ina kiungo chake: leo anapiga kifua, kesho mgongo, keshokutwa mkono. Siku ya miguu ndiyo yenye watoro wengi, na matokeo yake mnayaona mitaani: juu pandikizi la mtu, chini vijiti viwili vya mishikaki. Jimu zenyewe nyingi za uswahilini hazina mashine. Chuma ni bomba la maji, uzito ni makopo ya rangi yaliyojazwa zege, benchi ni mbao iliyopigiliwa na fundi wa jirani. Mtu akinenepa kwa misuli amejazia. Akionyesha mistari ya tumbo ana siksipaki. Akizidi hapo, basi amekuwa baunsa.

Neno baunsa linafaa tulitazame kidogo. Lilikuja na milango ya disko na kumbi za muziki, likiwa jina la kazi, yaani mtu wa mlangoni anayezuia wasio na tiketi na kuwatoa walevi. Leo ni jina la umbo. Kijana anaweza kuwa mwalimu wa hesabu, hajawahi kusimama kwenye mlango wa ukumbi wowote, na bado akaitwa baunsa kwa sababu ya mabega yake. Kazi imeanguka njiani, mwili umebaki. Kabla yake tulikuwa na mtu wa miraba minne, na njemba, na pandikizi la mtu. Wazee waliosoma riwaya za Kiswahili wanazijua tamathali hizo. Miraba minne ilikuwa sifa ya mtu unayemwogopa au unayemtafuta akusaidie kusukuma kabati. Ilikuwa na matumizi.

Tukivuka bahari tunakuta habari nyingine. Kwa Kiingereza cha Wamarekani weusi, kitenzi chao cha kuvimba kilizaa neno swole, la mtu aliyetuna misuli, na kamusi ya Merriam-Webster ililiingiza mwaka 2019. Kabla ya hapo, mwanzoni mwa muongo wa 2010, lilikuwa limeenea swali la kejeli ambalo kwa Kiswahili cha Dar lingekuwa: kwani wewe hata chuma unapiga? Mwanzoni aliulizwa mtu anayetoa ushauri wa mazoezi na yeye mwenyewe amekonda. Punde likawa linaulizwa kwa yeyote anayebishana juu ya chochote, kuanzia siasa hadi upishi. Zama hizo hizo aliishi Aziz Shavershian, kijana wa Australia aliyejiita Zyzz, ambaye mikao yake ya kujipiga picha na maneno yake ya kujisifu yaliigwa na vijana wa nchi nyingi. Alifariki Bangkok Agosti 2011 akiwa na miaka 22. Baadhi ya wanaoiga mikao yake leo walikuwa hawajazaliwa.

Mwaka 2020 ikaja mtandaoni picha ya mbwa wawili. Mmoja amechorwa ana kifua cha mnyanyua vyuma, mwingine amekaa mnyonge, machozi yanamlengalenga. Juu ya mmoja unaandika zamani, juu ya mwingine unaandika siku hizi. Hapa kwetu nimeiona ikitumiwa kwa noti ya elfu kumi, kwa mahari, kwa mishahara, kwa safu ya ushambuliaji ya timu. Hapo ndipo penye siri ya maneno haya kuenea. Misuli ni kipimo kinachoonekana kwa jicho. Huhitaji kujua lugha wala kuelewa habari. Unaona mkubwa na mdogo, unaweka majina, umemaliza. Msimu wowote wenye kipimo ndani yake husafiri haraka, maana kila mtu ana cha kupima.

Watafiti Uta Reuster-Jahn na Roland Kießling walipochapisha kazi yao juu ya lugha ya mitaani ya Tanzania mwaka 2006, wakiwa na orodha ya maneno na misemo 1100, neno jipya lilikuwa bado linapanda daladala. Lilitoka kijiweni, likaingia kwenye wimbo wa Bongo Fleva, likaandikwa kwenye gazeti la udaku na kwenye kioo cha nyuma cha basi. Leo linanunuliwa kwa bando. Lakini njia ya zamani haijafa, hasa hapa. Wafanyabiashara wanaokuja Kariakoo kutoka Kongo, Zambia, Malawi na Komoro hawaondoki na mabalo ya nguo tu, na neno halitozwi ushuru mpakani.

Kariakoo ina tabia moja kwa kila kinachoingia: inakifungua, inakipanga upya, inakiuza kwa matumizi mengine. Mwaka 1985 zilitoka filamu mbili za misuli, Commando ya Schwarzenegger na Rambo ya pili ya Stallone. Vijana wa hapa walizitazama kwenye mikanda ya video, na waliofuata walizitazama katika vibanda umiza, wamebanana hadi jasho la mmoja linamdondokea mwenzake. Na Rambo, mtu wa misuli mitupu na mtutu wa bunduki, Dar es Salaam ilimfanya nini? Ilimfanya mfuko wa plastiki. Kwa miaka mingi mwananchi alisema nipe rambo, akapewa mfuko wa kutilia nyanya. Serikali ikaipiga marufuku mifuko hiyo kuanzia tarehe 1 Juni 2019, na leo mtoto wa darasa la tatu hajui rambo ni nini. Mnyanyua vyuma maarufu kuliko wote aliyefika mjini mwetu alipewa kazi ya kubeba nyanya! Sijui kama nchi nyingine ilimtendea haki kuliko hivyo.

Jambo kama hilo linatokea sasa na mabishano yanayopendwa sana na wapiga chuma wa mtandaoni: mwili huu umepatikana kwa jasho, au kwa sindano na vidonge? Wao wana maneno yao ya siri kwa jambo hilo. Yamefika hapa, lakini yameishia kwenye maelezo ya chini ya picha za vijana wachache wanaopenda kuandika Kiingereza. Mtaani watu wametumia maneno ambayo tayari yalikuwa juu ya meza za wauzaji wa simu na viatu. Mwili ni orijino au feki. Kwa akina dada waliotumia dawa za kuongeza umbo, mji ulishakuwa na jibu tangu zamani: hilo la Mchina. Swali ambalo mnunuzi wa Mtaa wa Msimbazi huuliza akiwa ameshika raba mkononi ndilo linaloulizwa kuhusu kifua cha mtu. Na mwenye kifua hujibu kama muuzaji: huu ugali na maharage tu, kaka, hakuna kingine.

Ninyi mnaofuatilia mpira mmeshaanza kungoja neno moja, basi nilifikie. Makao makuu ya Yanga, iliyoanzishwa 1935, na ya Simba, iliyoanzishwa 1936, yote yako upande huu wa mji, na mechi yao inaitwa Dabi ya Kariakoo. Mashabiki wao wanatukanana kwa matusi mengi, lakini tusi linalouma ni moja: mnabebwa. Timu inabebwa na refa, inabebwa na ratiba, inabebwa na wakubwa. Wengine hawasemi kitenzi, wanaandika tu mbeleko, na kila mtu ameelewa. Nalitazama hili kuwa jambo la maana sana. Katika Kiingereza cha wapiga chuma, aibu ni kutokunyanyua. Katika mtaa uliopewa jina na wapagazi, aibu kubwa ni kunyanyuliwa. Hayo hayatofautiani kwa maneno tu. Wa kwanza anaogopa kuonekana hana misuli. Wa pili anaogopa kuonekana ni mzigo wa mwingine.

Lakini msaada wa halali hauna aibu. Mtu anapigwa jeki akasimama, anapigwa tafu akavuka mwezi. Jeki ni chombo cha gereji, kinainua gari ili lirekebishwe, kisha kinatolewa. Anayebebwa hashuki.

Nirudi kwenye kuvimba, maana najua kuna wanaoamini kwamba vijana wetu wamelitafsiri neno la Wamarekani. Mimi sikubali. Kwa Kiswahili cha mtaani, mtu anavimba akiwa na kitu cha kujivunia au mtu wa kumtegemea. Jamaa anavimba na gari la mkopo. Yanga wakishinda, mashabiki wanasema tuacheni tuvimbe. Anayevimba si lazima awe na misuli. Anaweza kuwa kimbaumbau wa kilo hamsini mwenye mjomba wizarani. Kuvimba kichwa ni kwa zamani katika lugha yetu, na kupandisha mabega vilevile. Kiingereza kilitoka kwenye uvimbe kikaenda kwenye msuli. Sisi tulitoka kwenye uvimbe tukaenda kwenye majivuno, na katika majivuno tukaacha nafasi ya shaka, kwa sababu uvimbe kwa desturi ni ugonjwa na una siku zake za kunywea. Kijana akiandika chini ya picha yake ya jimu kwamba anavimba, anajisifu na kujicheka kwa pamoja. Sidhani neno la wenzetu lina kicheko hicho.

Viungo vya mwili navyo vina kazi zake katika lugha yetu, ambazo mpiga chuma hazigusi. Mwenye kifua ni mtunza siri. Asiye na ubavu ni asiyeweza jambo, na timu mbili zinazocheza mechi ya kirafiki zinapimana ubavu. Waandishi wa habari wanapenda kutunisha: nchi mbili zikisogeza majeshi mpakani zinatunishiana misuli, na ukurasa wa pili wa gazeti hilo hilo kuna mheshimiwa ametunisha mfuko wa kikundi cha akina mama. Kitenzi kimoja, misuli na fedha, na hakuna msomaji anayeshtuka.

Siasa ilionja jambo hili mwaka 2015. Wakati wa kampeni kulikuwa na maneno mengi juu ya afya za wagombea, na mgombea wa CCM, hayati John Magufuli, akapiga pushapu jukwaani mbele ya umati. Video ikazunguka nchi nzima na nje. Mtu huyo alikuwa na kaulimbiu ya Hapa Kazi Tu, akiitwa Tingatinga kutokana na miaka yake ya kusimamia barabara, na bado kilichowathibitishia watu nguvu zake siku ile hakikuwa kilomita za lami. Kilikuwa pushapu. Pushapu, kwa maana ya kimwili, ni mtu kunyanyua uzito wake mwenyewe na kuurudisha pale pale. Nilitamani siku ile mtu amletee gunia.

Hapa ndipo ninapogombana na maneno haya, pamoja na kuyapenda kwangu. Nendeni Kariakoo alfajiri, mitaa ya kuzunguka soko lile aliloliunda Beda Amuli, lililofunguliwa 1975 na kuungua Julai 2021. Malori yanashusha. Sheria ya vipimo inataka gunia la mazao lisizidi kilo 100, lakini mnajua lumbesa ni nini: gunia lililoshonewa kilemba juu hadi hakuna anayejua uzito wake, isipokuwa shingo iliyo chini yake. Mtu analibeba lile mgongoni, anapenya katikati ya bajaji, maguta na kirikuu, anapiga kelele watu wampishe, anapanda ngazi. Hana siksipaki ya kuonyesha, au anayo na hakuna mwanga wa kuipigia picha. Wala hapigi kifua Jumatatu na mgongo Jumanne. Kila siku ni siku ya miguu. Mtu huyu mji unamwita nani? Baunsa? Hata siku moja. Anaitwa kuli, au mbeba mizigo, au anaitwa kwa mluzi.

Yaani maneno ya nguvu yamehama. Yametoka kwa anayeuhamisha uzito kutoka hapa kwenda pale, yakaenda kwa anayeunyanyua na kuushusha mahali hapo hapo. Simlaumu kijana wa jimu. Amelipa ada yake, anatunza afya yake, na miji yetu ina vitambi vya kutosha. Ninalotaka tulione ni kwamba lugha ya mtandao ilipotupa kipimo kipya cha nguvu, haikumhesabu mwenye nguvu aliyekuwa mbele yetu. Kuli hawezi kupimwa kwa picha. Anapimwa kwa safari.

Fasihi yetu ilimhesabu. Adam Shafi alimpa riwaya nzima, Kuli, mwaka 1979, juu ya wapakizi wa bandari ya Zanzibar na mgomo wa 1948. Makuli wa Dar es Salaam nao waligoma, 1939 na tena 1947, na huo wa 1947 ulitikisa mji na kusambaa hadi bara. Nguvu ya mgomo ilikuwa ndogo kwa macho: mikono ileile, haifanyi kitu. Hakuna picha ya mbwa itakayoionyesha hiyo.

Vijana wenyewe wanajua pengo hilo lipo, na wanajaribu kuliziba kwa namna yao. Mtu anayefanya kazi ngumu ya kutwa anasema anabeba zege, hata kama kazi yenyewe ni ya kukaa kwenye kompyuta. Zege halilali, wanasema, kazi ikianza imeanza. Na chipsi mayai, chakula cha wasio na muda wa kupika, nacho wakakiita zege. Hayo ni maneno ya mafundi ujenzi yaliyopanda cheo bila msaada wa jimu wala wa Marekani, na kwa maoni yangu yataishi kuliko siksipaki.

Nimalizie na swali ambalo mtu ameniandikia kwenye karatasi kabla sijaanza, nalo ni zuri kuliko mhadhara wangu: na wanawake je? Ndoo ya maji ya lita ishirini ni kilo ishirini, na katika mitaa mingi ya mji huu bado inasafiri juu ya kichwa cha mwanamke, pengine na mtoto mgongoni. Nimepekua misimu yote niliyoitaja, ya jimu, ya sokoni na ya mpira. Mwanamke mwenye misuli ana neno moja tu, jikedume, nalo ni tusi. Kitambaa anachombebea mtoto kinaitwa mbeleko, na neno hilo mashabiki wameshalichukua kumtukania refa. La kumsifu kwa uzito anaoubeba, mimi sijalisikia bado. Dada uliyeandika swali, simama utuambie kama wewe umelisikia.